Funda la Kwanza la Mama Devota

Jumamosi, tarehe kumi na tano Machi. Tangu alfajiri ilikuwa mvua nyembamba, ile isiyolowesha shati haraka lakini inaingia kwenye mifupa. Saa sita ikakata ghafla, jua likatoka kali, mabati ya jirani yakaanza kufuka mvuke.

Mvuke ulikuwa bado haujaisha alipoingia msichana mwenye kompyuta mkobani, na nilimshuku kabla hajaketi. Anaitwa Kezia. Anasoma mambo ya filamu hapa mjini, na yeye na wenzake wanakusanya filamu za zamani wazisafishe, wazionyeshe tena. Alisema maneno mazuri juu ya kazi yangu. Mtu akianza na maneno mazuri mimi huangalia mikono yake. Mikono yake ilikuwa imetulia, lazima niseme hivyo, lakini wapo wezi wengi wenye mikono iliyotulia.

Naandika haya kwa ajili yake na ninyi wenzake. Mimi si mtu wa kalamu. Shule niliishia darasa la saba kule Karagwe, Tanzania, tulikokulia wengi wetu kabla ya kurudi Rwanda. Mkikuta nimejichanganya niulizeni, nikijua nitajibu. Mengine sijui mpaka leo.

Kazi yangu ilikuwa kamera. Jumamosi nilipiga harusi za watu, kama kila mpiga video wa Kigali. Siku nyingine nilitengeneza filamu zangu mwenyewe, zile ambazo shemeji yangu aliziita filamu za wagonjwa. "Hakuna anayesema, hakuna anayekimbizwa," alikuwa ananiambia. "Unatazama sufuria mpaka unasahau jina lako, kama umelazwa." Nilimkasirikia miaka mingi. Siku hizi naona hakukosea sana. Mgonjwa kitandani anasikia bomba linavyodondoka, anamjua anayepita kwa harufu ya sabuni. Nilitaka mtazamaji wangu awe hivyo, ngozi yake ijue iko wapi kabla kichwa hakijauliza hadithi inaanza lini.

Sasa ya kazi yenyewe. Siku ya kwanza usiende na kamera. Kaa, fumba macho, vua viatu kama wenyeji hawatakucheka, na hata wakikucheka. Gisozi, kwenye karakana za maseremala, nilikaa siku tatu juu ya gogo bila kushika chochote. (Mwenzangu Faustini angesema siku mbili.) Siku ya mwisho ndipo nikajua kwamba randa ina sauti mbili, ya kwenda na ya kurudi, na kwamba mkaratusi ukichanwa mbichi unakwaruza koo. Kamera ilipokuja nilijua pa kuiweka.

Kipaza sauti kivishe soksi ya sufu, tena iliyokwisha kuvaliwa, mpya inakwaruza. Kilaze juu ya benchi la seremala, usikiinue hewani. Benchi linasikia vitu ambavyo hewa haisikii. Na siku ya kuonyesha filamu, mwaga maranda sakafuni watu wayakanyage wakiingia. Filamu yangu ya mvua niliionyesha nikiwa nimeweka beseni la udongo mkavu nyuma ya watazamaji. Mvua ilipoanza kwenye kitambaa cheupe, mke wangu Veneranda akamwaga maji kwenye beseni. Harufu ikapanda. Bibi mmoja akainuka mbio kwenda kuanua nguo zake, na hakurudi kuona mwisho. Hiyo ndiyo sifa kubwa niliyowahi kupata.

Kosa nililolirudia mara nyingi ni kutojieleza. Siku moja huko Masoro, nje ya ukuta wa ghala, niliweka kamera karibu kabisa na tofali nikangoja. Mlinzi akaja.

"Bwana, unapiga picha nini hapa?"

"Ukuta."

"Ndani ya ukuta kuna nini?"

"Sijui. Napiga joto lake."

"Joto iko inaonekana?"

"Weka mkono."

Hakuweka. Alimwita mwenzake, mwenzake akaweka mkono, akautoa haraka, akasema kweli kuna joto, na hapo ndipo shaka yao ikazidi. Wakanizuia mpaka mkubwa wao alipofika. Nikamwonyesha nilichopiga: dakika nne za ukuta, hewa inacheza juu yake, na nzi mmoja. Alitazama zote nne. "Huyu hana hatari," akawaambia, "ana tatizo tu." Wakaniachia. Nilimchukia yule mlinzi. Sasa nikifikiri, alikuwa kazini, na mtu anayeng'ang'ania ukuta mchana kutwa hata mimi ningemshika.

Nilisema Faustini. Sauti za filamu zangu zote alizichukua yeye. Alikulia Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, na Kiswahili chake kilikuwa na mwendo kuliko changu. Akisikia pikipiki nje alikuambia breki ipi imekwisha. Hayupo tena kujitetea, kwa hiyo nitamtetea mimi, hata pale nisipopenda.

Mama Devota ana nyumba kwenye mteremko wa Gisozi, chini kidogo ya karakana. Wakati ule alikuwa anatengeneza urwagwa, pombe ya ndizi, na maseremala na wachomeleaji walishukia kwake wakimaliza kazi. Alikuwa mjane. Benchi lile la wateja ndilo lililomlisha na kusomesha watoto wawili. Nilitaka filamu ya mikono yake na ile pombe: ndizi zikikamuliwa kwa majani, povu, kibuyu, mrija. Uso usionekane hata mara moja. Alikubali, akasema uso wake hata hivyo hauna kazi ya kufanya.

Sasa, desturi yetu mnaijua, lakini wengine mmezoea chupa iliyofungwa kiwandani, kwa hiyo naisema. Anayekupa kinywaji anaonja kwanza mbele ya macho yako. Anameza funda moja ndipo anakupa. Ni kukuambia kwamba kama humu kuna kitu, kimeanza na mimi. Kinyarwanda tunasema gusogongera. Asiyeonja haambiwi kitu mbele yake. Anasemwa akishageuka.

Mama Devota alionja kila mara, na alikuwa na namna yake. Akishameza aligonga kibuyu kwa pete yake mara mbili, ko, ko, akasema, "Haya, ni yenu." Katika siku zetu nne pale, funda hilo tulilipiga picha mara moja tu. Na mara hiyo moja ndege ikapita juu ya paa ikielekea uwanja wa Kanombe, ikafunika kila kitu.

Nikalikata. Sikumfikiria mama, nilifikiria ndege.

"Unamkata mama mdomo?" Faustini akaniuliza.

"Ndege inaharibu."

"Ndege ilikuwepo, kaka."

"Mwenye filamu ni mimi."

Hatukusemezana wiki nzima.

Tukaionyesha Jumapili mchana ndani ya karakana, madirisha tumeziba kwa maturubai, maranda sakafuni, na chungu cha pombe yake kimeachwa wazi kwenye kona ili harufu izunguke. Mama Devota mwenyewe alikuwa msibani, hakuwepo. Kwenye kitambaa mikono ikamimina, povu likapanda, kibuyu kikaenda moja kwa moja kwa mteja. Nikasikia watu wamenyamaza. Nilidhani filamu imewagusa. Nilifurahi kimoyomoyo, naona aibu kuandika, lakini nilifurahi.

Wakati wa kutoka, mchomeleaji mmoja aitwaye Bosko akanishika mkono.

"Hajaonja?"

"Ameonja, nimekata."

"Umekata kwa nini?"

"Ndege."

Akanitazama kama yule mlinzi wa Masoro.

Baada ya wiki mbili benchi la Mama Devota lilikuwa tupu. Nilishuka nikamkuta anafagia mahali ambapo hapakuwa na uchafu.

"Umenipiga picha kwa upole sana," akaniambia, "kumbe unanichongea."

"Mama, mimi?"

"Unajua wanasema nini? Wanasema miaka yote tulikuwa tunamwangalia usoni, hatukujua mikono inafanya nini. Sasa kamera imeangalia mikono." Akaegemeza ufagio. "Wameshamkumbuka hata mtu aliyeumwa tumbo mwaka juzi. Watoto wangu watakula hiyo filamu yako?"

Nilirudi nyumbani kutafuta kaseti yenye lile funda ili nilirudishe mahali pake. Haikuwepo. Hapo hapo nikamshuku Faustini. Ana ufunguo wa kabati, tumegombana, na siku zile alikuwa ananiangalia vibaya. Mpaka nafika mlangoni kwake kesi ilikuwa imekamilika, imebaki hukumu.

"Kaseti iko wapi?"

"Kaka, hata salamu?"

"Kaseti ya Mama Devota. Umeificha ili nionekane mjinga."

"Wewe kuonekana mjinga hakuhitaji kaseti."

Mke wake akacheka ndani. Faustini hakucheka. Aliingia, akarudi na kinasa sauti chake, akanivisha vile vya masikioni kwa mikono yake kama anavyovalishwa mtoto kofia. Nikasikia ndege inakuja kutoka mbali. Ikajaa. Na chini yake, kwa sababu yeye alikuwa ameweka kipaza chake chenye soksi juu ya meza ya mama, karibu na kibuyu, nikasikia koo linameza. Ko, ko. "Haya, ni yenu."

"Mimi sifuti kitu," akasema. "Nilijua utajuta. Sikujua ni lini."

Kaseti ya picha niliipata kesho yake, ndani ya kabati langu. Juu yake imeandikwa "Harusi Kanombe", mwandiko wangu. Nilikosa kaseti mpya nikarekodi harusi ya watu juu ya kazi yangu mwenyewe, nikasahau. Pale palipokuwa na mdomo wa Mama Devota palikuwa na bwana harusi analishwa keki. Nilimwomba Faustini radhi kwa nusu sentensi. Alistahili nzima, na sasa naiandika hapa: hukuiba, hukuficha, nilikuwa mimi.

Nilitaka tumpige mama picha upya akionja. Faustini akakataa. "Funda la pili ni la kujitetea," akasema. "Wataona. Anayeonja mbele ya kamera baada ya kusemwa, anazidi kusemwa." Kwa hiyo tukaweka sauti peke yake. Picha haipo, basi pasiwe na picha. Kitambaa kibaki cheusi mpaka atakapomaliza kumeza.

Kazi ikawa kumleta mwenyewe. "Nikija na wakanyamaza tena?" akaniuliza. Sikumwahidi kitu, sikuwa na cha kuahidi. Akaja, akaketi mbele kabisa, na watu wakaacha nafasi mbili wazi kila upande wake.

Mikono ikamimina. Povu likapanda. Kisha giza. Ndege ikaja, na nikaona kwa mwanga kidogo wa kwenye turubai watu wanainua vichwa kuangalia paa. Ikajaa. Halafu koo. Halafu ko, ko.

Kimya. Nakuambieni, kimya kile nilikiogopa kuliko cha kwanza.

"Ni pete," mtu akasema gizani. Alikuwa Bosko. "Hiyo ni pete yake."

"Sauti mtu anaweza kutengeneza," mwingine akajibu.

"Basi tengeneza wewe! Hiyo ko-ko nimeisikia kila siku miaka sita. Mimi nilikuwa nameza mate kabla sijapewa."

Watu wakacheka, na mama akacheka, na kicheko chake wote waliokuwemo walikijua. Sitasema benchi lilijaa. Bosko alirudi kesho yake, hakuomba msamaha, alikaa tu akanyoosha mkono. Wengi wakamfuata. Wawili hawajarudi mpaka leo. Tumbo ni la mtu, siwezi kuwalaumu. Watoto walimaliza shule.

Ndiyo maana leo Kezia alipofungua kompyuta nilimkodolea macho. Filamu ameisafisha vizuri, siwezi kumnyima. Mikunjo ya vidole imerudi kama nilivyoiona siku ile. Kufika kwenye giza akasimamisha.

"Mzee, hapa kuna kasoro. Picha inapotea, na kuna kelele ya ndege."

"Si kasoro."

"Ndege naweza kuitoa. Na picha iliyopotea, siku hizi kompyuta inaweza kuitengeneza. Unaipa hii mikono, yenyewe inatengeneza mama anayekunywa. Hakuna atakayejua."

Hakuna atakayejua. Nikamuuliza kama ameshafanya.

"Nimejaribu tu."

"Nani mwingine anayo?"

"Ni mimi tu, Mzee."

Akanionyesha. Mwanamke wa makamo ameinua kibuyu, anakunywa, koo linapanda na kushuka. Ilikuwa nzuri. Mwanga ulikaa panapotakiwa, labda kuliko nilivyoweza mimi. Uso ule niliuficha filamu nzima, na sasa ulikuwa pale, na haukuwa wake. Nilitaka kumfukuza, halafu nikajiuliza mimi ni nani. Nilimkata mama mara moja bila kumuuliza, na huyu binti angalau amekuja kuuliza. Nikamwambia tushuke kwa mwenyewe.

Njia ilikuwa na utelezi. Mama Devota amezeeka, hauzi tena, anatengeneza kidogo ya nyumbani. Pete haivuki kiungo cha kidole siku hizi, ameitundika shingoni kwa uzi. Kezia akapiga magoti kumsalimu, akamwekea kompyuta mapajani, akamwonyesha.

"Huyu nani?"

"Ni wewe, Mama."

"Sha! Mimi sikuwahi kuwa na shingo nzuri hivi." Akatazama tena. "Anakunywa nini?"

"Urwagwa."

"Ya nani?"

Kezia akaitazama tena ile picha.

"Ikiwa na sumu, atakufa?"

"Hapana, Mama."

"Basi hajaonja."

Alisema bila hasira, kama anayemwambia mtu chumvi imepungua. Kezia akasema, akiniangalia mimi, "Mzee, nilikudanganya. Mwenzangu mmoja shuleni anayo pia, nilimtumia jana." Akatoa simu, akampigia, akaiweka sauti ya juu ili tusikie wote.

"Ile ya mama anakunywa, ifute."

"Ifute? Kezia, ndiyo tamu kuliko zote!"

"Ifute. Giza linabaki."

"Na ndege?"

"Ndege ilikuwepo."

Nilimgeukia. Sikuwa nimemwambia maneno ya Faustini. Au labda nilimwambia njiani tukishuka. Nazungumza sana nikiwa na hofu ya kuteleza. Siwezi kuapa. Ya kwenye kompyuta yake aliifuta mbele yetu, Mama Devota amemwambia asogeze karibu aone inavyoondoka. Kama yule wa shuleni amefuta kweli, sijui, na sina namna ya kujua. Siku watakapoionyesha nitakwenda kukaa mbele, nitege sikio. Ninyi mtakaokuwepo, nisaidieni kutega.

Mama Devota alitupa kibuyu kidogo cha kupeleka nyumbani. Alionja pale mlangoni, pete ikabembea kwenye uzi ikagonga yenyewe.

Jioni Veneranda akamzuia Kezia asiondoke na njaa. Kibuyu kikawekwa mezani, na kwa kuwa ni sisi wawili tulioleta, mmoja wetu alipaswa kuanza. Kezia ni mlokole, pombe hanywi. Alikishika, akakiangalia ndani, akanirudishia.

"Onja wewe, Mzee. Mimi nitasikiliza."

Akafumba macho. Niliiangalia simu yake haraka, nisije nikarekodiwa: ilikuwa imelala kifudifudi pembeni. Nikanywa funda moja, nikalimeza kwa sauti kubwa kidogo kuliko kawaida yangu. Veneranda akapakua. Tulikula maharage, isombe (kisamvu) na ndizi za kupika, na Kezia akaomba isombe mara ya pili.